Bi Harusi wa Kuingizwa Sauti

Madaktari walimpa bibi yake Khiêm siku kumi, na katika siku hizo kumi Nhạn, mchumba wa Khiêm, alitakiwa awe ameshaolewa, la sivyo asubiri miaka mitatu. Hapakuwa na njia ya katikati. Baba yake Khiêm alikuwa amekwisha kufa, na mjukuu wa kwanza asiye na baba ndiye anayebeba msiba wa bibi kama mtoto wa kumzaa: kitambaa cheupe kichwani siku ya maziko, kisha miaka mitatu bila harusi wala shamrashamra. Nhạn alikuwa na miaka thelathini na minne. Hiyo mitatu haikuwa kitu cha kusema sawa, tutangoja.

Harusi za kukimbizana na msiba zipo, na hakuna anayezicheka. Mgonjwa anahema chumbani, sebuleni watu wanatundika vitambaa vyekundu, bwana harusi anavalishwa koti la kuazima, na kila mmoja anaomba kimoyomoyo roho isikatike kabla chai haijanywewa. Ziko nyumba ambazo mgonjwa hakungoja, na wenyewe wakamfunika shuka, wakafunga mlango, wakaozesha kwanza ndipo wakalia. Kwa hiyo si haraka iliyowasumbua. Kilichowasumbua ni sauti ya Nhạn.

Kazi ya Nhạn ilikuwa kuingiza sauti. Tamthilia za Saigon miaka ile zilipigwa picha huku mtu amekaa pembeni ya kamera akiwasomea waigizaji maneno yao, nao wakiyafuatisha, na kelele zote zile zilitupwa. Baadaye, katika chumba kisicho na dirisha, Nhạn na wenzake walisimama mbele ya skrini wakawapa wale warembo sauti za kusemea. Uso wa huyu, koo la yule. Mtazamaji hajui, wala hana haja ya kujua. Mwaka ule Nhạn alikuwa sauti ya Lệ Sa katika tamthilia ya Mvua Upande wa Jikoni, na Lệ Sa ndiye mwanamke aliyeingilia ndoa ya watu. Wanawake sokoni walikuwa wakimtukana Lệ Sa huku wakichambua mchicha. Mwigizaji mwenyewe, yule mwenye uso, aliwahi kumwagiwa maji ya samaki na watu asiowajua, kwenye kizimba cha sokoni. Nhạn alipita palepale na kikapu chake, akachagua bamia, hakuna aliyemgeukia. Ilimradi asifungue mdomo.

Sasa bibi yule alikuwa haoni. Macho yote mawili yalikuwa na mtoto wa jicho, mwaka wa sita huo, na amekataa kata kata kupasuliwa. Tamthilia alikuwa akiisikiliza, saa moja jioni na tena marudio ya mchana, masikio yamesimama, wala usithubutu kukohoa. Siku Khiêm alipomleta Nhạn nyumbani kwao, kwenye uchochoro wa Bình Thạnh, Nhạn aliinama akasema, "Shikamoo, bibi." Bibi akaacha kutafuna tambuu.

"Nani kamleta Lệ Sa ndani ya nyumba yangu?"

Watu walicheka. Bibi hakucheka. Khiêm akaeleza kwamba ile ni kazi tu, kwamba Nhạn analipwa kusoma maneno yaliyoandikwa na mtu mwingine kabisa, tena mwandishi mwenyewe ni mzee mmoja mwanamume mwenye kitambi. Bibi akamwacha amalize. Kisha akasema yeye mwanamke aliyemchukulia mumewe hakuwahi kumwona sura hata siku moja. Alimsikia tu, ng'ambo ya ukuta wa mbao, akicheka na mtu aliyekuwa ametoka kwenda kununua barafu. Barafu haikuja na mume hakurudi. "Kwa hiyo usinifundishe mimi habari ya sauti na sura," alisema, na hiyo ikawa imekwisha.

Mara ya pili Nhạn alijaribu kunenepesha sauti, aitoe kifuani. Bibi akauliza Lệ Sa kapata mafua lini.

Khiêm alikuwa fundi wa lifti, mtu mpole, mtaratibu, wa kukaza skrubu mara mbili kila moja. Alimpenda Nhạn, hilo hata adui hakulipinga. Lakini kumbishia bibi aliyemlea tangu baba yake alipofariki, tena bibi aliye kitandani na mirija puani, hapo Khiêm alitia ulimi puani. Alikuwa akikaa ukingoni mwa kitanda, amemshika mkono yule mzee, anaitikia ndiyo bibi, ndiyo bibi, huku machozi yanamtoka. Mama yake, Mama Sáu, naye hakuwa mtu mbaya. Alishampenda Nhạn kwa vile alivyojua kusafisha samaki bila kuulizwa afanyeje. Ila kila asubuhi mama huyo alikuwa akiwasha ubani mbele ya picha ya marehemu mumewe na kumpa habari zote za nyumba, leo kumenyesha, leo Khiêm kachelewa kula, na asingeweza kumweleza kwamba wamemfanyia mama yake jeuri siku za mwisho.

Zilibaki siku sita. Na wazo, jamani, lilitoka kwa Nhạn mwenyewe. Asitafutwe mwingine wa kulaumiwa.

Alikuwa jikoni na Mama Sáu, wanaosha mboga, akasema kama mtu anayetania: "Mama, si tumwite Quế aniingizie sauti?"

Quế alikuwa mwenzake wa kazini, amemzidi miaka mitatu, na ndiye aliyekuwa sauti ya Hường, mke mwema wa tamthilia ile ile, yule anayeachwa na bado anampikia uji mama mkwe. Bibi alimpenda Hường kufa. Alikuwa akimwombea. Quế na Nhạn walisimama mbele ya kipaza sauti kimoja miaka tisa, bega kwa bega, na mmoja akitaka mwenzake aingie, yaani aanze kusema, alimbonyeza kiwiko. Hawakuhitaji hata kutazamana.

Mama Sáu aliweka chini bakuli la mboga. Alifikiri kwa muda ambao maji yalijaa sinki na kumwagika. Kisha akauliza kama huyo Quế siku ya Jumapili ana nafasi. Jioni ile bibi aliambiwa Lệ Sa ameachwa, Khiêm amepata mwingine.

Quế alipoambiwa alicheka mpaka akakaa chini. "Mdogo wangu, nimeshaozesha wanawake kumi na tisa kwa mdomo huu," alisema. "Wa ishirini ndiye wewe? Haya. Ila mimi nataka mguu wa bata, usiniletee mbawa."

Wakaozwa Jumapili saa nne asubuhi, saa aliyoitaja mpiga ramli. Vikaja visinia vyekundu, vikaja popoo na majani ya tambuu, na ubani ukawashwa mbele ya picha za wazee wa ukoo. Bibi alitolewa chumbani kwenye kiti cha magurudumu, kichwa kimelala upande mmoja. Nhạn alipiga magoti na gauni lake jekundu, kikombe cha chai mikononi. Quế alikuwa nyuma yake, karibu sana hivi kwamba Nhạn alihisi pumzi yake shingoni. Nhạn akarudisha mkono kidogo, akambonyeza kiwiko.

"Bibi, karibu chai," ilisema sauti ya Hường. "Mimi mkwe wako nimekuja kuishi nawe. Nikikosea unifundishe."

Yule mzee aliinua kichwa. Alinyoosha mikono hewani, akapapasa, akaupata uso wa Nhạn, akaushika kwa viganja viwili kama mtu anayepokea bakuli la moto. "Hường," alisema. "Mwanangu Hường. Umepata mume mwingine, tena mjukuu wangu." Alikunywa chai yote. Akavua bangili yake ya jiwe la kijani, ambayo hata hospitali walishindwa kuivua, akaisukuma mkononi mwa Nhạn mpaka ngozi ya kidole gumba ikachubuka. Khiêm alilia waziwazi, wala hakujificha. Nhạn naye alilia, ila bila sauti, na wakati ule aliona ni jambo dogo. Siku nne zimebaki, alijiambia. Nitanyamaza siku nne. Nani anashindwa kunyamaza siku nne?

Siku ya pili baada ya harusi bibi aliomba uji. Siku ya tatu akaomba uji wenye kuku. Siku ya kumi, ile ya madaktari, alikuwa amekaa barazani anawasemesha majirani, akiwaambia furaha ya harusi imemfukuza mkosi. Madaktari wakasema hata wao hawaelewi. Watu walikuja kupongeza na matunda. Mama Sáu alifurahi, Khiêm alifurahi, na Nhạn alitabasamu na kumimina chai, kwa sababu utamwambia nani kwamba umesikitika mtu kupona?

Alinyamaza miezi minane.

Nyumba ilikuwa ya vyumba vitatu vilivyotengwa kwa mbao, na masikio ya bibi yalipita kwenye mbao kama maji. Mwanzoni ilisemwa mkwe anaumwa koo. Baadaye ilisemwa mkwe ana adabu. Bibi mwenyewe ndiye aliyeipenda zaidi sababu hii ya pili. Aliwaambia wenzake wa tambuu kwamba wasichana wa siku hizi wanapayuka kutwa, ila Hường wangu mimi, ukimsikia amesema neno, ujue lina maana. Quế alikuwa akija Jumanne, Alhamisi na Jumapili baada ya kazi. Anakaa kwenye kigoda karibu na bibi, wanazungumza, bibi anacheka. Mikono ya kumkanda miguu kwa mafuta ya mchaichai ilikuwa ya Nhạn. Maneno yalikuwa ya Quế. Na hayakuwa maneno ya uongo, hilo lazima lisemwe; Quế naye alikuwa hana mama, na alianza kumpenda yule mzee kwa haki yake.

Chumbani, Nhạn na Khiêm walinong'ona. Kunong'ona ukiwa umeolewa juzi ni kutamu. Kunong'ona mwezi wa tatu kunachosha. Mwezi wa tano Khiêm alikuwa anarudi amechoka na hana nguvu ya kutega sikio, anasema "kesho, kesho utanieleza," na kugeukia ukutani. Siku za Quế alikuwa anakaa nao sebuleni mpaka mwisho, kwa sababu huko unaongea na unajibiwa. Hapakuwa na ubaya wowote, wala cha kuficha. Alikuwa anataniana na Quế mbele ya mkewe, mbele ya mama yake, mbele ya bibi. Siku moja Quế alisema kitu kuhusu lifti iliyokwama na bosi ndani yake, Khiêm akacheka, kisha akageuka akamtazama Nhạn kama vile Nhạn ndiye aliyekisema. Macho yalikuwa yamejaa mapenzi. Nhạn aliinama akaendelea kukanda.

Na saa moja jioni ilipofika, redio zote za uchochoro zilizimwa na televisheni kuwashwa. Nhạn alikaa chini, miguu ya bibi mapajani, akajisikiliza. Lệ Sa alibembeleza, Lệ Sa alidanganya, Lệ Sa alipata mimba na kuja nayo mlangoni. Bibi alimtukana neno kwa neno. "Ningempata huyu," alikuwa akisema, "ningemzaba kofi moja mpaka asahau jina lake." Na akishamaliza alikuwa akitafuta mkono wa Nhạn, anaupigapiga taratibu. "Samahani, Hường. Nakukumbusha machungu yako."

Ni kweli kwamba angeweza kuacha kazi. Aliifikiria. Lakini kule ndiko mahali pekee alipokuwa anasema kwa sauti kubwa, hata kama maneno ni ya yule mzee mwenye kitambi.

Tumaini lilibaki moja, nalo lilikuwa sehemu ya mwisho. Katika sehemu ile Lệ Sa anakuja nyumbani kwa mama mkwe, anapiga magoti, anaomba radhi, na Hường anamwinua. Nhạn alipopewa karatasi zake aliona hapa ndipo. Bibi akimsikia Lệ Sa ametubu, akimsikia Hường mwenyewe amemsamehe, basi huenda jioni ile ile, au kesho yake, Nhạn angeweza kusema neno moja. Neno moja tu, "bibi". Alimwambia Quế, na Quế akamwambia haya mdogo wangu, leo tufanye kweli.

Wakafanya kweli. Msimamizi wa chumba, mtu ambaye kwa kawaida anakatiza kila mstari, hakukatiza. Nhạn alilia kwa ajili ya Lệ Sa jinsi ambavyo hakuwa ameruhusiwa kulia siku ya harusi yake. "Mama, mimi nilipenda tu, sikujua pa kusimama," yalisema maandishi, maneno ya kawaida ya tamthilia, na Nhạn aliyasema mpaka mtu wa mitambo akavua vifaa vyake masikioni na kufuta uso. Quế alimbonyeza kiwiko, na akaendelea kukishika hata zamu yake ilipokwisha.

Sehemu hiyo ilirushwa Alhamisi. Quế alikuwepo. Khiêm aliomba ruhusa kazini akawahi. Mama Sáu alizima feni ili isilete kelele. Nhạn alikuwa amekaa chini, miguu ya bibi mapajani. Lệ Sa akapiga magoti. Lệ Sa akalia. Hường akasamehe. Ule wimbo wa mwisho ukapigwa mpaka ukaisha.

"Analia vizuri," akasema hatimaye. "Ndivyo wanavyolia. Yule wangu nilimsikia naye, siku alipokuja kuomba nguo za mume wangu. Alilia hivi hivi, nikampa." "Wewe Hường una moyo mkubwa kupita kiasi. Mimi nikimsikia tena huyo mtu, hata niwe kaburini, ninaamka."

Mama Sáu akawasha feni. Khiêm alitazama sakafu. Nhạn aliendelea kukanda miguu, mmoja, kisha wa pili, kwa sababu ndio kwanza alikuwa ameanza wa kwanza.

Mwezi wa saba wa kalenda ya wazee, mvua inanyesha kila alasiri, bibi alianguka chooni, na safari hii hakuomba uji. Siku ya tatu pumzi ilianza kuja kwa mafungu. Daktari wa mtaani alitikisa kichwa akafunga mkoba. Ilikuwa saa nane mchana, na Quế hayupo. Alikuwa Cần Thơ kwenye kumbukumbu ya kifo cha mama yake, kaka zake wote wamekusanyika, na siku kama hiyo mtu haikosi hata awe mgonjwa. Saa nne za barabara.

"Hường," bibi aliita. "Hường yuko wapi?"

Nhạn alikuwa amemshika mkono. Alimbana vidole, nipo hapa. Bibi akasema hapana, nataka kusikia. Khiêm alimwangalia mkewe kwa macho yanayoomba, na Nhạn akajua anaomba nini: asije akafungua mdomo. Nhạn alitoa simu. Aliandika ujumbe kwanza, Quế akapiga papo hapo, na Nhạn akaiweka juu ya mto, karibu na sikio la bibi, sauti imefunguliwa yote. Walikuwa wameshapanga zamani kwa dharura kama hii: Nhạn akigonga simu kwa ukucha mara moja ni ndiyo, mara mbili ni hapana.

"Bibi, nipo," ilisema sauti ya Hường. Nyuma yake, mbali, zilisikika sahani za watu wa Cần Thơ, kisha mlango ukafungwa na zikanyamaza.

Uso wa mzee ukalegea. Alisema sauti yake inatoka mbali. Quế akajibu ni mvua, bibi. Wakasemeshana kidogo, habari za miguu, habari za uji. Kisha bibi akakusanya pumzi.

"Niahidi kitu kimoja. Khiêm ni mtu mlaini, kama babu yake. Yule mwanamke, mwenye ile sauti. Asije akaingia katika nyumba hii. Wewe ndiye mke. Usimfungulie."

Simu ilinyamaza. Mvua ilipiga mabati ya jikoni. Mama Sáu, aliyesimama mlangoni na taulo, alijiziba mdomo.

"Hường," bibi alisema. "Mbona kimya?"

Quế alikuwa anasubiri kubonyezwa. Miaka tisa hakuwahi kuingia kabla ya wakati, na sasa pia hakuingia. Nhạn alimtazama Khiêm. Khiêm alikuwa amepiga magoti upande wa pili wa kitanda, ameficha paji la uso kwenye godoro, mabega yanatikisika, na hakuinua kichwa. Mkono wa bibi ulikuwa unapoa ndani ya mkono wa Nhạn na bado unabana, unabana kwa nguvu ya ajabu, bangili ikimuumiza mfupa. Wapo watakaosema angegonga mara mbili. Wapo waliosema. Hawakuwa na mkono ule mkononi mwao.

Nhạn aligonga simu kwa ukucha mara moja.

"Naahidi, bibi," alisema Quế, na sauti ya Hường kwa mara ya kwanza ilikwaruza. "Maadamu mimi nipo, haingii."

"Vizuri," bibi alisema. Akakata kauli hapo. Saa tisa na dakika kadhaa akakata roho, na Nhạn alikuwa bado amemshika.

Khiêm aliichukua simu, akamwambia Quế asante, dada, asante sana, bibi ameenda kwa amani. Akaizima. Ndipo alipomkumbatia mkewe, na Nhạn akafungua mdomo alie. Wanawake wa nyumba ndio wanaoanza kilio, na mkwe hakai kimya juu ya maiti ya mkubwa wake. Mama Sáu akamwahi. Alimshika mabega, akamnong'oneza sikioni, kwa upole kabisa: roho bado imo ndani ya nyumba, mwanangu. Inakaa siku arobaini na tisa, inasikia kila kitu. Umevumilia miezi minane. Vumilia hizi.

Akamfunga kitambaa cheupe kichwani. Wakaja majirani, wakaja watu wa tarumbeta, wakaja binamu wa Mỹ Tho wakalia mpaka uchochoro mzima ukasikia. Watu waliondoka wakisimulia jinsi mkwe wa nyumba ile alivyopigwa na huzuni hata sauti ikamkauka.

Kila baada ya siku saba waliwasha ubani na kuweka bakuli la wali. Nhạn alikuwa akihesabu. Kazini tamthilia mpya ilikuwa imeanza, na akapewa sauti ya mwalimu wa shule, mtu mwema. Alifurahi kuliko kazi ilivyostahili. Usiku mmoja tu kabla ya siku yenyewe Khiêm alimnong'oneza kwamba kesho watakula pamoja, na yeye Nhạn ataongea meza nzima, na kwamba amesahau kicheko chake kikoje. Alisema hivyo kwa nia njema.

Siku ya arobaini na tisa walialika watawa wawili asubuhi, wakala chakula kisicho na nyama, wageni wakaondoka. Picha ya bibi sasa ilikuwa juu, karibu na ya mwanawe, macho meupe yamesafishwa na mpiga picha yakawa meusi, yanatazama sebule yote. Mama Sáu aliwasha vijiti vitatu vya ubani akampa Nhạn kwa mikono miwili.

"Imekwisha, mwanangu," alisema. "Mwamkie nao. Mwambie wewe ni nani. Kwa sauti yako."

Khiêm alisimama nyuma yake akimgusa mgongo. Wote wawili walikuwa wanatabasamu, wanangoja, kama watu wanaomfungulia mtu zawadi. Nhạn aliinua vijiti mpaka kwenye paji la uso. Akafungua mdomo. Aliiona ile picha, na juu yake moshi, na akakumbuka kwamba kila asubuhi ya maisha yake katika nyumba hii kutakuwa na mtu amesimama hapa akiwaeleza hawa waliokufa leo kumenyesha, leo fulani kachelewa kula, na wao wanasikiliza, kwa sababu kama hawasikilizi mbona mnawaambia? Siku arobaini na tisa ni za roho kutoka. Hakuna aliyesema ni za masikio kufungwa. Na ahadi ilikuwa imegongwa kwa ukucha wake mwenyewe.

"Nhạn," Khiêm alisema. "Sema tu."

Alijaribu. Watu wale wawili watakwambia walimwona akijaribu. Kisha alichomeka ubani kwenye chungu cha majivu, kijiti kimoja kimoja, akaingiza mkono kwenye mfuko wa gauni jeupe, akatoa simu. Aliipiga. Ikaita mara tatu, na Quế akapokea, akasema haloo, mdogo wangu, kuna nini, niambie.

Nhạn aliinyanyua ile simu kwa mikono miwili, akaisogeza mbele ya uso wa bibi, na kuigonga kwa ukucha mara moja.